Upawa Mdogo

Swali ninalotaka kulijadili katika kurasa hizi ni dogo, na huenda msomaji aliyezoea kuona maadili yakizungumzwa kuhusu rushwa, ndoa na vita akashangaa kwamba nimelipa nafasi kubwa hivi. Ni hili: mwenye mgahawa akipunguza chakula katika sahani, bei akaiacha pale pale, na mteja asimwambie neno, je, amemdanganya? Nimewauliza watu wengi tangu mwaka 2022. Wafanyabiashara wenzangu hucheka. Husema, "Mwalimu, kwani mteja hana macho?" Nami nakubali kwamba macho anayo. Lakini kabla hatujafika kwenye macho, hapana budi tupite jikoni.

Nilistaafu mwaka 2010. Kiinua mgongo changu kiligawanyika kama cha walimu wengine: bati za nyumba, ada ya mtoto wa mwisho, madeni ambayo nilikuwa nimeyasahau lakini wenyewe hawakuyasahau. Kilichobaki, mke wangu akasema tufungulie mgahawa. Yeye ni Mhehe wa Iringa, na katika mambo ya fedha ana akili kuliko mimi. Tukapanga chumba kimoja na ua wake Mwanjelwa, jijini Mbeya, karibu na soko, mahali penye wabeba mizigo, mafundi, wauza mitumba na madereva. Mimi nikapewa kaunta na madaftari.

Kwa zaidi ya miaka ishirini niliamini kwamba hakuna mtu mwenye mashaka kama mkuu wa shule. Siku hizi naona mwenye mgahawa anamzidi. Mkuu wa shule ya bweni anajua asubuhi ni wanafunzi wangapi watakula mchana. Mwenye mgahawa hajui. Saa 10 alfajiri, katika baridi ya Mbeya ambayo mtu wa pwani haiamini mpaka aione, anatakiwa aamue ni kilo ngapi za mchele zipikwe kwa ajili ya watu ambao wenyewe bado hawajaamua kama watakuja. Mvua kubwa ikinyesha kuanzia saa 6 mchana hadi saa 8, wali umeharibika. Sisemi umeoza, nasema umeharibika kibiashara: kesho ni kiporo, na mteja anakijua kiporo kwa harufu kabla ya kukaa. Wakati huo huo mkaa umekwisha kuungua, mpishi na msaidizi wake wanasubiri chao, wahudumu wawili kadhalika. Pango linadaiwa miezi sita kwa mkupuo. Kuna leseni, kuna makadirio ya kodi, kuna vyeti vya afya vya kila mtu anayegusa chakula. Kuna daftari la madeni, ambalo lina majina ya waungwana wengi. Na kuna vijiko, ambavyo hupotea kwa namna ambayo mpaka leo sijaielewa.

Sasa hesabu. Sahani ya wali, maharage na mboga ya majani tuliiuza shilingi 2,000. Tulipika kilo 20 za mchele kwa siku. Mchele ukiiva huwa umekunywa maji na uzito wake umezidi mara mbili na nusu, kwa hiyo kilo moja ilitupatia sahani 6 za kumshibisha mtu mzima anayefanya kazi ya nguvu, jumla sahani 120. Kilo ilipokuwa shilingi 1,800, wali wa sahani moja ulitugharimu shilingi 300. Tukishalipa kila kitu, siku njema ilitubakizia kama shilingi 30,000.

Mwaka 2022 mambo yakageuka. Mvua zilikuwa zimekuwa haba katika sehemu nyingi za nchi. Vita vya Ukraine vilianza mwezi Februari, mafuta ya magari yakapanda, na mafuta ya kula, ambayo tayari yalikuwa ghali, yakazidi kuwa ghali. Mbeya ni mkoa wa mchele. Unatoka Kyela, unatoka Mbarali katika bonde la Usangu. Nilijidanganya kwamba sisi tulio karibu na shamba tutapona. Hatukupona, kwa sababu mchele haumjui jirani, unamjua mwenye bei, na malori yalikuwa yakiufuata huko huko mashambani. Kufikia mwisho wa mwaka tulikuwa tunanunua kilo kwa shilingi 3,000.

Shika kalamu, msomaji, kwa maana hapa ndipo kiini kilipo. Ongezeko la shilingi 1,200 kwa kila kilo, mara kilo 20, ni shilingi 24,000 kwa siku. Katika zile 30,000 zinabaki 6,000. Gawanya 24,000 kwa sahani 120, unapata shilingi 200 kwa sahani. Basi haki ilikuwa nyepesi kuitamka: kuanzia kesho sahani ni shilingi 2,200. Sarafu moja tu ya 200.

Hatukuitamka. Katika mtaa wetu kulikuwa na migahawa mingine mitatu, na yote iliuza 2,000. Elfu mbili ni noti moja, mtu anaitenga asubuhi mfukoni na kuiita "ya kula". Haihitaji chenji, na chenji katika mgahawa saa 7 mchana ni ugomvi. Kila mmoja wetu alikuwa akimsubiri mwenziwe atangulie kupandisha, na anayetangulia ndiye anayepoteza wateja. Tukasubiriana mwezi mzima huku tukila hasara.

Ndipo mpishi wetu, mama mtu mzima wa Tukuyu aliyekwisha kupika katika hoteli nyingi kabla ya kuja kwetu, akamwambia mke wangu, "Mama, mbona hambadilishi upawa?" Alishangaa kwamba hatukujua. Kwingine kote, alisema, hivyo ndivyo inavyofanyika. Upawa ukiwa mdogo, mkono wa mpakuaji unaendelea na mazoea yake: pawa mbili, sahani, pawa mbili, sahani. Hakuna anayehitaji kuamrishwa apunje. Mke wangu akanunua upawa mdogo sokoni, na kuanzia siku ile kilo moja ikawa inatoa sahani 8. Tukawa tunapika kilo 15 badala ya 20, na watu 120 wanakula kama kawaida. Mboga ikatandazwa kidogo kuelekea katikati ya sahani ili nafasi isionekane.

Naomba uangalie tulichofanya. Kwa kuogopa kumdai mtu shilingi 200, ambayo ni sehemu ya kumi ya bei, tulimchukulia robo ya wali wake. Na hata hivyo hesabu haikutimia: kilo 5 tulizookoa zilikuwa na thamani ya shilingi 15,000, wakati pengo lilikuwa 24,000. Sehemu iliyobaki ikatafutwa kwenye maharage, ambayo yakaanza kuwa na mchuzi mwingi. Nilipoandika hesabu hizi kwenye daftari langu sikuona chochote cha ajabu. Niliona matumizi yamepungua, nikafurahi.

Wiki tatu zikapita. Hakuna aliyelalamika, na mimi nikawa mfuasi wa hoja ya macho: wangekuwa hawaridhiki wangesema.

Katika siku hizo akatutembelea shemeji yangu, kaka yake mke wangu, kutoka Ruaha Mbuyuni. Hapo ni mahali ambapo barabara kuu ya Iringa na Morogoro inateremka kwenye joto, na kila abiria aliyepita amewaona watu wakikimbilia madirisha ya basi na vitunguu. Shemeji analima vitunguu hivyo. Tuliposalimiana, kamwene, kamwene, na akishakula, akaanza kilio chake cha kila mwaka: lumbesa. Kwa mgeni wa mambo haya, lumbesa ni gunia ambalo likishajaa linashonewa kofia ya wavu juu, likajazwa tena mpaka linakuwa kama mtu aliyebeba mtoto shingoni. Sheria ya vipimo inasema gunia la mazao lisizidi kilo 100. Wakala wa Vipimo wamehubiri, wakuu wa mikoa wamekemea, na lumbesa ipo, kwa vitunguu vya Iringa, kwa viazi vya Njombe na kwa viazi vya Umalila kwetu Mbeya, kwa sababu mnunuzi anamwambia mkulima: usipojaza, nakwenda kwa jirani yako. Bei ni ya gunia. Gunia ndilo linalonenepa.

"Wanatuibia mchana kweupe," shemeji akasema, "na hawagusi hata bei."

Nilimhurumia kwa dhati. Nikamwambia maneno mazuri kuhusu unyonyaji, ambayo watu wa umri wangu tunayo mengi. Alipoondoka ndipo nikakumbuka kwamba vitunguu vilivyokuwa kwenye kona ya jiko letu vilifika kwa lumbesa, tena mimi ndiye niliyefurahia wingi wake. Kipimo kikubwa tunaponunua, kipimo kidogo tunapouza. Waislamu wana sura ya 83 katika Kurani inayowaonya watu wa namna hiyo hasa: wanaotaka watimiziwe wanapopimiwa na kupunguza wanapowapimia wengine. Sisi Wakristo tunaye nabii Amosi, katika sura ya 8, na wale wachuuzi wake wanaongoja sikukuu ipite ili waendelee kupunguza kipimo. Nilikuwa nimekwisha kuyasoma yote mawili. Nilikuwa nikidhani yanahusu mizani.

Basi akaja yule kijana. Alikuwa msukuma mkokoteni sokoni, mwembamba, mwenye heshima, akila kwetu kila siku saa 7, sahani moja, na nijuavyo mimi huo ndio ulikuwa mlo wake wa maana kwa siku nzima. Siku moja, wateja wakiwa wamepungua, akaja kaunta.

"Shikamoo Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu."

"Mwalimu, nina shida, nakuuliza wewe kwa vile umesoma. Mtu anaweza kula sahani nzima, na kila siku, akabaki na njaa? Mimi siku hizi nikitoka hapa, nikifika tu Soweto na mzigo, miguu haina nguvu. Nimekunywa dawa ya minyoo mara mbili. Haijasaidia."

Nikamtazama. Msomaji, nilikuwa na umri wa zaidi ya miaka sabini, nilikuwa nimewafundisha watoto wa watu kusema kweli tangu nikiwa kijana, na upawa ulikuwa hatua tano nyuma yangu. Nikamwambia, "Nenda hospitali ukapimwe vizuri." Akanishukuru.

Hapo ndipo hoja ya macho ilipokufa kwangu. Macho alikuwa nayo. Sahani ilikuwa ile ile, bei ile ile, pawa mbili zile zile, mama yule yule akipakua. Kila kitu ambacho macho yake yangeweza kukikagua kilimwambia kwamba hakuna kilichobadilika, isipokuwa tumbo. Naye kati ya mashahidi hao akachagua kuliona tumbo lake ndilo linalosema uongo. Alitoa fedha kununua dawa ya ugonjwa ambao sisi tulikuwa tumemtengenezea. Mtu aliyepandishiwa bei hukasirika, na hasira ni haki yake, anakwenda nayo kwa jirani. Huyu tulimnyima hata hasira.

Usiku nikamweleza mke wangu, nikitegemea tutalia pamoja. Hakulia. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema maneno ambayo ningekuwa mwongo nisipoyaandika, kwa sababu yana uzito.

"Wewe una pensheni," alisema. "Mimi ninalipa mkaa. Huyo kijana ana elfu mbili, hana elfu mbili na mia mbili. Ukipandisha, hali kabisa. Mimi nimempa chakula kidogo, wewe unataka kumpa ukweli na njaa."

Nikamwambia hilo tungemwachia yeye aamue.

"Aamue nini? Jirani naye ana upawa mdogo. Aende akale wapi huko ambako hawajapunguza?"

Sikuwa na jibu la haraka, na sina hakika kama ninalo leo. Mke wangu alikuwa ameona jambo ambalo wataalamu wa bei huenda hawalioni kutoka ofisini: fedha ya maskini huruka, haitambai. Hutoka 2,000 kwenda 2,500, kwa noti na kwa mazoea. Wali ndio unaoweza kutambaa, kijiko kwa kijiko. Mwenye mgahawa anayetaka kuifuata bei ya soko bila kumfungia mlango mtu wa chini hana kitu kingine cha kusogeza isipokuwa sahani.

Tena jambo hili si la kwetu peke yetu. Waingereza, kuanzia karne ya 13, walikuwa na sheria ya mkate iliyodumu zaidi ya miaka mia tano, na sheria hiyo ilifanya hivyo hivyo kama upawa wetu: bei ya mkate ilisimama, uzito wake ndio ulioshuka ngano ilipopanda, na kuongezeka ngano iliposhuka. Maskini wa London alijua kwamba senti yake itapata mkate leo na kesho, ila haujulikani ukubwa. Lakini ukubwa huo ulitangazwa, na mwokaji aliyekwenda chini yake aliadhibiwa. Nilipokumbuka habari hiyo nilipata nafuu kidogo. Kumbe kupunguza siyo dhambi yenyewe. Tulikosa mtu wa kutangaza, na mtu huyo alikuwa mimi niliyekaa kaunta.

Nilipokuwa chuo cha ualimu, mkoani Iringa, mkufunzi wetu alitufundisha mfano wa Immanuel Kant, yule Mjerumani, katika kitabu chake cha mwaka 1785. Kuna mwenye duka ambaye hamdanganyi mteja yeyote. Hata mtoto mdogo akitumwa dukani hutozwa bei sawa na mtu mzima. Je, ni mwema? Kant anasema hatuwezi kujua, maana huenda anafanya hivyo kwa sababu inamlipa: duka linaloaminika hupata wateja. Darasani tulibishana sana, na mimi nilikuwa upande wa mwenye duka. Nilisema, sababu si hoja, mradi mtoto amerudi nyumbani na chenji yake.

Mgahawa umenifanya nimwelewe Kant kwa kuchelewa miaka hamsini. Tazama hoteli za barabarani ambazo basi husimama kwa dakika kumi au kumi na tano. Abiria hajachagua mahali; dereva ndiye aliyechagua, na dereva na kondakta wake kwa kawaida hula bure, ndiyo shukrani yao. Kuku yule yule ana bei yake nyingine, na abiria anakula akitazama basi lisimwache. Hatarudi kudai, na akirudi ni baada ya mwaka. Hapo uaminifu haulipi. Mtaani kwetu tunajisifu kwamba sisi si kama wale, wateja wetu tunawajua kwa majina. Lakini ukiondoa ile hofu ya kuonekana, tulifanya nini tulipogundua kwamba pawa hazionekani? Tulikuwa hoteli ya barabarani yenye wateja wa kila siku.

Nikajaribu kujitetea kwa maisha yangu ya zamani. Mwaka 1984, serikali ilipoondoa ruzuku ya sembe, nilikuwa mkuu wa shule ya bweni, kijana bado. Fungu la chakula halikutosha. Asubuhi nikasimama mbele ya wanafunzi kwenye paredi, nikawaonyesha bakuli la zamani la kupimia unga na bakuli jipya, nikawaambia: kuanzia leo ni hili, sababu ni hizi, na viranja wawili watasimama jikoni kila jioni wahakikishe mpishi hashuki chini ya hapo. Waliguna. Walikula. Muhula ukaisha salama. Kwa miaka mingi nimekisimulia kisa hiki kama ushahidi kwamba nilikuwa kiongozi mkweli.

Usiku ule, mke wangu akiwa amelala, nikakisimulia upya kichwani na safari hii nikajiuliza swali la Kant. Kwa nini niliwaambia? Jibu lilikuja mara moja, nami sikulipenda. Nilikuwa nikiogopa mgomo. Vijana mia kadhaa wenye njaa, katika bweni moja, wanaozungumza pamoja usiku, wangegundua katika siku mbili. Wateja wa mgahawa hawazungumzi pamoja. Kila mmoja anakula peke yake na kuondoka na tumbo lake. Kwa hiyo nilikuwa mkweli kwa wale walioweza kunichomea ofisi, na mwongo kwa yule aliyeweza tu kununua dawa ya minyoo.

Kesho yake nikachukua chaki. Juu ya ubao wa mlangoni nikaandika: Wali sahani kubwa 2,200. Wali sahani ndogo 2,000. Chini yake nikaandika, kwa mwandiko wa ubaoni ambao mkono wangu haujausahau, kwamba mchele umepanda na kwamba sahani ndogo ndiyo iliyokuwa ikiuzwa tangu mwezi uliopita. Mke wangu aliusoma mstari huo wa mwisho kwa muda mrefu. Alisema, "Huo wa mwisho unamsaidia nani?" Hakuufuta. Aliutoa upawa mkubwa kabatini, akaupeleka jikoni, na tukawa na pawa mbili.

Yule kijana nilimwita pembeni alipokuja, nikamweleza. Nilikuwa nimejiandaa kutukanwa. Alinisikiliza akitazama chini, akanyamaza, kisha uso wake ukafunguka.

"Kumbe! Basi mimi ni mzima."

Alifurahi, msomaji. Hakuonekana kuwaza kwamba ameibiwa. Alikuwa amebeba mawazo ya ugonjwa mwezi mzima na sasa ameyatua. Nilimpa sahani kubwa bila malipo na sikuwahi kuona ukarimu wenye aibu kama ule. Akaendelea kula kwetu siku kadhaa, mara kubwa, mara ndogo, kulingana na alichopata. Baadaye akaacha kuja. Niliambiwa anakula kwa jirani, kwa 2,000, na jirani hakuwa ameandika chochote ubaoni. Sikumuuliza kwa nini. Labda ilikuwa ni zile mia mbili. Labda alikuwa hapendi kuniona.

Sitaki kumficha msomaji matokeo. Wiki ya kwanza tulipoteza karibu theluthi moja ya wateja wa mchana. Wengine walirudi, hasa madereva, ambao wanapenda kujua wanachokula. Watu wawili walinidai fedha za mwezi ule, mmoja kwa utani na mmoja kwa dhati. Yule wa dhati nilimlipa. Mpishi wetu alisema katika maisha yake hajaona watu wanaojisemea wenyewe ubaoni, akaomba ruhusa kwenda kwao Tukuyu kwa mazishi, na aliporudi alikuta mambo yametulia. Faida haikurudi mahali pake kwa miezi mingi. Siwezi kumwambia mwenye mgahawa yeyote kwamba ukweli ulinilipa. Haukunilipa, na kwa hesabu ya Kant labda hiyo ndiyo sehemu pekee inayonipa moyo.

Mchele ulishuka baadaye, baada ya mavuno mazuri. Nilikuwa kaunta nikiandika manunuzi, na mke wangu akaja kusoma bei begani kwangu. Akaenda mlangoni, akautazama ubao, akarudi.

"Baba," akasema, "kilo imeshuka. Hizo mia mbili unawarudishia lini?"

Nilimwambia tuangalie kwanza pango, ambalo lilikuwa limepanda, na mkaa, na mishahara ya wahudumu. Akacheka sana, akarudi jikoni. Ubao bado unasema 2,200.